Kumbe Siye! Vichekesho Kumi vya Kichina vya Mizimu na Watu Feki, Kipimo ni Kasumulu

Kwanza sheria, maana najua mnakuja juu. Orodha hii ni ya vichekesho vya Kichina ambavyo ndani yake mtu anadhaniwa siye, au mzimu unadhaniwa mtu, au steringi mwenyewe hajui yeye ni nani. Ngano za kale ziwemo, kicheko kiwepo, na lazima mtu apigwe chenga ya utambulisho. Ngumi peke yake hazihesabiwi. Ngumi tulishazishiba.

Kipimo ni Kasumulu, mpakani huku Kyela. Siyo Dar, siyo Arusha. Kasumulu swali la "wewe nani na umetokea upande gani" linaulizwa kutwa nzima, na muhuri unagongwa. Ukivuka daraja la Songwe uko Malawi. Huku Mnyakyusa, kule Mngonde, na wakianza kusalimiana mgeni hatajua nani amevuka na nani yuko kwao. Majina ya Mwa- yamejaa pande zote mbili. Mfukoni kuna shilingi na kwacha. Na mto wenyewe hautulii: mvua zikikolea unahamisha njia yake, na mkulima anajikuta mpaka umemzunguka yeye na mpunga wake, jambo ambalo limezilazimisha serikali mbili kukaa pamoja kupanga namna ya kuzidhibiti kingo. Watu wanaoishi na mpaka unaotembea hawadanganywi kirahisi na mtu aliyebandika ndevu. Ndiyo maana wao ndio majaji.

Na tumpe heshima yake aliyetuletea haya yote. Kizazi cha kibanda cha video, cha mabenchi ya mbao na TV ya chogo, hakikumsikia Jackie Chan akisema chochote. Kilimsikia Lufufu. Derek Gaspar Mukandala, ndiye Lufufu mwenyewe, alikaa Dar es Salaam akitia Kiswahili juu ya filamu za watu, kanda zikasambaa nchi nzima. Wakenya wana DJ Afro, Waganda wana VJ Jingo. Mtu mmoja anakuwa steringi, adui, mama mkwe, polisi na mzimu kwa pumzi moja, na bado anapata nafasi ya kukueleza kwamba huyo jamaa ana roho mbaya, mwangalie vizuri. Kama tunazungumzia watu wanaojifanya wengine, hakuna mwigizaji hata mmoja kwenye orodha hii anayemfikia mtafsiri.

Tunahesabu kushuka. Ukikuta yako iko nyuma, piga kelele, lakini maliza kusoma kwanza.

10. Bruce wote ambao si Bruce

Bruce Lee alifariki Hong Kong tarehe 20 Julai 1973, akiwa na miaka 32. Haukupita muda, sokoni wakajaa Bruce Li, Bruce Le na Dragon Lee. Bruce Li jina lake halisi ni Ho Chung-tao, wa Taiwan, na alikuwa mwigizaji mzuri tu ambaye wenye studio hawakumpa nafasi ya kuwa yeye. Mwaka 1980 watengenezaji wakaacha kuona haya, wakatoa The Clones of Bruce Lee: profesa anachukua chembe za marehemu, anatengeneza nakala tatu. Uongo wa bango wameufanya kuwa hadithi ya filamu.

Chaki ya ubao wa kibanda haikuwa na habari za herufi moja moja. Iliandika BRUCE LEE, watu wakaingia.

Hukumu: namba kumi, kwa sababu kicheko kimetokea mlangoni badala ya kwenye skrini. Lakini mkumbuke kwamba hakuna aliyedai kiingilio chake. Watu walikaa mpaka mwisho, wakatoka wakirusha mateke.

9. Twin Dragons (1992)

Jackie Chan mara mbili. Mapacha wametenganishwa wakiwa wachanga. Mmoja amekulia Marekani, ni mwanamuziki wa tai na piano, mwingine ni fundi wa magari wa mitaani Hong Kong. Kila mmoja anapigwa kwa makosa ya mwenzake na anapendwa na mchumba wa mwenzake. Kuchanganywa kwao ni daraja la kwanza.

Ngano? Hamna. Hapo ndipo inapoanguka. Ingawa Unyakyusani ngano ingetoka kwa watazamaji wenyewe: Monica Wilson, aliyefanya utafiti huku miaka ya 1930, aliandika jinsi wazazi wa mapacha walivyowekwa kando na kufanyiwa dawa kabla ya kuruhusiwa kuchangamana na watu. Bibi wa enzi hizo angetoka kibandani pale pale mapacha wanapozaliwa, na sote tungemfuata.

Hukumu: tisa. Wawili kwa bei ya mmoja, bila mzimu hata wa kuazima.

8. Drunken Master (1978)

Najua. Mlitaka iwe namba moja. Haiwi, na sababu ninazo.

Wong Fei-hung alikuwa mtu kweli, mganga na mwalimu wa kung fu kusini mwa China, aliyezaliwa 1847. Kabla ya 1978 sinema zilishamfanya mzee wa heshima. Mwigizaji Kwan Tak-hing alimwigiza katika filamu zaidi ya 70, kila moja ina nasaha. Halafu anakuja Yuen Woo-ping na Jackie Chan, wanamgeuza kijana mtukutu anayekimbia mazoezi. Katika utukutu wake anajitia kumtongoza msichana barabarani mbele ya rafiki zake. Mama wa msichana anatokea na kumchapa mpaka anaishiwa maneno. Anarudi nyumbani amevimba, anawakuta wageni sebuleni, wale wale wawili: shangazi yake na binti wa shangazi.

Kasumulu hili lisingetokea. Huku salamu yenyewe ni uchunguzi wa ukoo. Mpaka mmalize kuulizana habari za nyumbani, umeshajua kama yule ni wa kuoa au wa kumwita dada.

Ngano zimo: ulevi wake wa kupigana umegawanywa kwa Wasiokufa Wanane wa hadithi za Kichina, na mmoja wao ni mwanamke, He Xiangu. Wong aliona aibu kujifunza mtindo wa kike, akauruka. Kwenye pambano la mwisho ndio pekee uliobaki, ikabidi aubuni papo hapo, kiuno na madaha yote. Ile sehemu kibanda kizima kinasimama.

Hukumu: nane. Utambulisho umekosewa kwa dakika chache tu, kilichobaki ni mazoezi. Andikeni barua za malalamiko.

7. A Chinese Ghost Story (1987)

Leslie Cheung ni mkusanya madeni mwoga. Mvua imemnyeshea njiani, daftari la madeni limelowa, wino umeyeyuka, hakuna anayekiri kudaiwa. Kila mwenye duka la rejareja mpakani hapo ameshashika kichwa. Hana hela ya chumba, analala bure kwenye hekalu ambalo mji mzima unajua lina mizimu. Usiku anakutana na mrembo wa ajabu anayepiga kinanda cha nyuzi msituni, peke yake, nguo zinapepea bila upepo wa maana. Haulizi hata swali moja!

Kisa kimetoka kwa Pu Songling, mwandishi wa karne ya 17 aliyekusanya mamia ya masimulizi ya majini na mbweha wanaogeuka wanawake. Filamu ni ya mapenzi zaidi kuliko vichekesho, ndiyo maana iko hapa.

Hukumu: saba. Mzimu alijificha vibaya, ila kijana alishaamua kutokuona.

6 na 5. Nyani wawili, sare

Nimejaribu kuwatenganisha, nimeshindwa, na sitaki kusukumwa. Wote wametoka katika Safari ya Magharibi, riwaya ya karne ya 16 ya Sun Wukong, mfalme wa nyani anayeweza kujigeuza mara 72. Watoto wa huku waliolelewa kwa hadithi za Sungura wanamwelewa bila kuelezwa: mdogo wa umbo, mjanja, mdomo mkubwa, anawatoa jasho wakubwa.

Wa kwanza ni wa katuni, Havoc in Heaven, kazi ya Wan Laiming na studio ya katuni ya Shanghai, iliyotoka kwa sehemu mbili, 1961 na 1964. Nyani anafukuzwa na shujaa wa mbinguni. Anajigeuza ndege, anajigeuza samaki, na mwisho anajigeuza hekalu zima: mdomo ndio mlango, macho ndiyo madirisha. Tatizo ni mkia. Mkia haujui kuwa kitu, basi anausimamisha nyuma ya jengo kama mlingoti wa bendera. Anayemfukuza anafika, anatazama, anajiuliza ni hekalu gani lenye mlingoti mgongoni. Kwisha habari yake. Ofisa yeyote wa mpakani atakwambia watu hunaswa hapo hapo, kwenye kitu kidogo walichodhani kitapita bila kuonekana.

Wa pili ni A Chinese Odyssey (1995), sehemu mbili, mwongozaji Jeffrey Lau. Hapa Stephen Chow ni jambazi wa nyikani, mkuu wa genge la watu wachovu, na kila jini analokutana nalo linasisitiza kwamba yeye ndiye yule nyani aliyezaliwa upya. Anakataa. Anaonyeshwa kioo, kioo kinamletea sura ya nyani, bado anakataa. Wengine wote kwenye orodha hii wanawadanganya watu. Huyu amefichwa siri na nafsi yake mwenyewe, na siku anapokubali ndipo anapompoteza mwanamke anayempenda. Ilipotoka haikufanya vizuri, ndipo wanafunzi wa vyuo vikuu vya China wakaiokota na kuifanya yao. Ukiicheka mara ya kwanza, jiandae, mara ya pili inauma.

Hukumu: sare. Mkia na kioo. Chagua unachokiogopa zaidi.

4. The Love Eterne (1963)

Shaw Brothers, mwongozaji Li Han-hsiang, na nyimbo mwanzo mwisho. Zhu Yingtai anataka kusoma, shule ni za wavulana, anavaa nguo za kiume na kwenda. Njiani anampata rafiki, Liang Shanbo. Wanasoma pamoja miaka mitatu. Chumba kimoja, kitabu kimoja, taa moja. Liang haoni kitu.

Siku ya kuachana Zhu anampa dalili njia nzima. Wanaona bata wawili majini, dume na jike: unaona, kaka? Haoni. Wanapita kisimani, anamwonyesha vivuli vyao viwili majini, mwanamume na mwanamke. Liang anachukia kuitwa mwanamke! Wachina wanasema huko ni kumpigia ng'ombe kinanda. Sisi tunampigia mbuzi gitaa, na mnyama wa kwao na wa kwetu wote wana afadhali kuliko Liang.

Sasa sikiliza hii. Anayeigiza Liang ni Ivy Ling Po, mwanamke. Yaani mwanamke amejifanya mwanamume asiyetambua kwamba mwanamume aliye mbele yake ni mwanamke. Watazamaji wa Taiwan walimpenda kiasi kwamba alipokwenda Taipei Oktoba 1963, barabara zilijaa watu. Hawakuwa wamechanganyikiwa hata kidogo. Walijua kila kitu, na ndiyo raha yenyewe.

Nusu ya pili watu wanalia. Anaozeshwa kwa mwingine, Liang anakufa, kaburi linafunguka, vipepeo viwili vinaruka. Mwaka 1954 Zhou Enlai aliwaonyesha wageni mjini Geneva filamu nyingine ya kisa hiki hiki, akaitambulisha kama Romeo na Juliet wa Kichina.

Hukumu: nne. Ingekuwa mbili, ila kicheko kinakufa katikati, na kilio hakina alama hapa.

Mapumziko mafupi, wabishi wanywe maji

Mtauliza Doudou yuko wapi. Doudou na mama wakwe zake, tamthilia ya Kichina iliyotiwa Kiswahili ikarushwa TBC kuanzia 2011, mpaka Rais Xi Jinping akaitaja kwenye hotuba yake Dar es Salaam Machi 2013. Haina mzimu, haingii. Japo naipenda, na nina sababu ya kinyumbani: katika desturi ya zamani ya Kinyakyusa mke wa mtoto na baba mkwe walikuwa hawaonani kabisa. Akisikia mzee anapita, anaacha njia na kujificha. Jina lake halitamki. Halafu unamkuta Doudou amebanwa na wakwe sebuleni, wanabishana uso kwa uso, sahani mkononi. Kwa mabibi zetu hiyo ndiyo filamu ya kutisha.

Na mtauliza, kwetu hakuna? Yupo Nsyuka, wa Mussa Banzi, kutoka mwanzoni mwa miaka ya 2000, Bongo movi ilipokuwa bado inatambaa. Jina limetoka huku kwetu, kwa wafu wanaoamka. Nsyuka hakuja kuchekesha hata kidogo, na anatisha kweli. Ila nawaambieni: siku mtu atakapotengeneza kichekesho cha Nsyuka anayekwama foleni ya uhamiaji kwa sababu picha ya kitambulisho haifanani naye, hii orodha nitaichana.

Turudi.

3. Encounters of the Spooky Kind (1980)

Sammo Hung ameongoza, Sammo Hung ameigiza, na Sammo Hung ndiye aliyefungua mlango ambao wengine wote wa ngumi na mizimu walipitia. Ni Cheung Jasiri, dereva wa tajiri, na mkewe ana uhusiano na tajiri huyo huyo. Tajiri anataka afe bila damu kuonekana, anakodi mchawi. Cheung anawekeana dau la kulala hekaluni na maiti.

Mganga mwema anampa siri: jeneza likifunguka, mrushie mayai ya kuku, maiti itarudi ndani. Cheung ananunua mayai 50. Muuzaji amepungukiwa, anajazia na ya bata, kimya kimya.

Usiku umefika. Kifuniko kinasogea. Cheung anarusha yai, maiti inalala. Anarusha jingine, inalala. Anaanza kuzoea, anarusha bila hofu, mkono mwepesi. Mara yai moja halikubali. Maiti haijali. Inazidi kuinuka. Anatazama kapu, anatazama maiti, na ule uso wa Sammo Hung, mashavu yote yale, unaonyesha mtu aliyeelewa sasa hivi kwamba amepigwa sokoni saa nane za mchana na anakuja kulipia usiku.

Hii ndiyo akili kubwa ya filamu hizi. Mzimu una sheria zake na unazifuata kwa uaminifu. Asiyefuata sheria ni binadamu.

Hukumu: tatu. Bata amemwangusha steringi, na hakufanya kosa lolote.

2. Flirting Scholar (1993)

Stephen Chow na Gong Li, mwongozaji Lee Lik-chi. Tang Bohu ni mchoraji mkubwa, tajiri, mwenye wake wanane wanaocheza kamari kutwa. Anamwona Qiuxiang, mjakazi wa nyumba ya watu, anapenda, anaficha jina na kujiuza kama mtumwa ili aingie nyumba hiyo. Anapewa namba: 9527. Mchoraji wa taifa amekuwa tarakimu nne.

Kupata hiyo kazi ndiyo sehemu ninayoweza kuitetea mbele ya baraza lolote. Amekaa barabarani na bango la kujiuza. Pembeni yake yupo mwingine na bango lake. Yanaanza mashindano ya shida. Huyu amefiwa, yule amefiwa zaidi. Huyu ameumia mkono, yule ameumia zaidi. Mwisho Tang anamkuta mende aliyekanyagwa, anamwinua, anamwita kwa jina, Xiaoqiang, anamlilia kama ndugu wa damu waliyekula pamoja na kulala pamoja. Anashinda. Wachina mpaka leo mende wanamwita Xiaoqiang. Filamu chache duniani zimefanikiwa kumpa mdudu jina la kudumu.

Bibi wa nyumba anaigizwa na Cheng Pei-pei, ambaye mwaka 1966, katika Come Drink with Me, ndiye alikuwa mwanamke mwenye panga aliyevaa kiume. Kwa hiyo mtu aliyewahi kuwadanganya wote sasa anadanganywa na mtumishi wake. Aliyepanga hilo apewe mbuzi.

Ila kosa kubwa la utambulisho liko nje ya filamu. Tang Bohu alikuwepo kweli, 1470 hadi 1524, mjini Suzhou. Mwaka 1499 aliingizwa kwenye kashfa ya mtihani wa serikali, akafungwa, ndoto ya madaraka ikafa, akaishi kwa kuuza michoro. Wake wanane wa wapi? Kisa cha mjakazi kilienezwa na mwandishi Feng Menglong mwaka 1624, miaka mia moja baada ya maziko yake. Watu walimhitaji mtu wa raha, wakamvalisha raha mtu wa dhiki.

Na msiwacheke. Sisi tulimfanyia hivyo hivyo Abunuwasi. Abu Nuwas wa kweli alikuwa mshairi wa Baghdad aliyefariki karibu mwaka 814, fundi wa mashairi ya mvinyo. Kule pwani tukamtwaa, tukamnyang'anya kalamu, tukampa punda na jibu la kila swali la sultani. Tang Bohu na Abunuwasi wangekutana wangetambuana mara moja: wote wanatembea na sifa za mtu mwingine.

Hukumu: mbili. Ilikuwa filamu ya Hong Kong iliyoingiza fedha nyingi kuliko zote za kwao mwaka huo, na kwa mara moja wenye pesa na wenye akili walikubaliana.

1. Mr. Vampire (1985)

Hapa sibembelezi mtu.

Mwongozaji ni Ricky Lau, mtayarishaji Sammo Hung, na mwalimu Kau ni Lam Ching-ying, nyusi zake mbili zimeungana kuwa moja na uso haucheki hata jengo likianguka. Lam aliwahi kufanya kazi na Bruce Lee katika mapigano ya The Big Boss, na alifariki 1997 akiwa na miaka 44. Baada ya filamu hii alivaa joho la njano mara nyingi kiasi kwamba watu walimwona mganga kweli. Ninaamini ndiye mwigizaji bora kuliko wote waliotajwa hapa, kwa sababu kila anayemzunguka anachekesha kwa kupiga kelele na yeye anachekesha kwa kuwa makini.

Mzimu wake ni jiangshi, maiti ngumu inayorukaruka mikono mbele. Ngano yake nitaieleza, maana watu wa Kyela wataielewa kuliko Wazungu wote walioiandikia vitabu. Inasemwa kwamba mtu akifia mbali, na ndugu hawana uwezo wa kumsafirisha, waganga wa Hunan walikuwa wanaziamsha maiti na kuzitembeza usiku, safari nzima, mpaka kwao. Basi. Mzimu huu ni msafiri anayerudi nyumbani kuzikwa. Mnyakyusa akifia Dar, ndugu wanachanga, jeneza linapakiwa, kilomita zaidi ya 900 mpaka Kyela, kwa sababu haiwezekani akalala ugenini. Tunafanya kwa basi na michango kile ambacho wao walikifanya kwa kengele na karatasi ya njano.

Watu feki ni wengi. Mtaalamu wa makaburi alidhulumiwa na tajiri, akajifanya rafiki, akamshauri namna mbaya ya kuzika. Miaka 20 baadaye maiti ya tajiri huyo inafukuliwa bila kuoza. Maiti inamuua mtoto wake mwenyewe, na polisi mjinga anamkamata Kau kuwa ndiye muuaji. Jini la kike linamteka mwanafunzi mmoja akidhani amepata mpenzi. Ukitaka mzimu usikutambue, bana pumzi, maana unatafuta kwa pumzi. Kuna dakika nzima watu wamesimama mashavu yamevimba na mzimu umewasogelea pua kwa pua, na kibandani watazamaji wote nao wamebana. Jaribu kuangalia watoto wakati wa sehemu hiyo.

Lakini tapeli mkuu bado.

Mwanafunzi wa pili, Man-choi, amekwaruzwa na maiti na anaanza kugeuka. Dawa ni mchele wa kunata. Anaukanyaga, anaucheza, anaulalia, unavuta sumu. Mwenzake anatumwa dukani. Mwenye duka anachanganya: wa kunata kidogo, wa kawaida humo humo, gunia moja, bei moja. Mgonjwa anakanyaga mchele na haponi.

Sasa niambie ni wapi duniani sehemu hiyo inaeleweka kuliko Kyela. Mchele wetu una harufu inayotangulia mlangoni, na kwa sababu hiyo kila soko la nchi hii lina mchele wa Kyela ambao Kyela haijauona. Unatoka kwingine, unapewa jina letu, unachanganywa na wa kwetu kidogo ili unukie. Mama wa soko la huku haulizi mwenye gunia. Anazamisha mkono hadi kiwiko, anachota wa chini kwa sababu wa juu umewekwa kwa ajili ya wageni, anausugua kati ya viganja, anapuliza pumba, ananusa, anatia punje mbili mdomoni na kuzitafuna mbichi akimtazama muuzaji machoni. Muuzaji anaanza kupunguza bei kabla hajaulizwa.

Mpeleke mama huyo mmoja kwenye duka la Mr. Vampire na Man-choi anapona siku hiyo hiyo, na filamu inaisha nusu saa mapema.

Hukumu: moja, bila kura. Nyani alijigeuza hekalu akaacha mkia nje. Zhu alidumu miaka mitatu. Tang alidumu hadi harusi. Punje ya mchele wa kawaida ndani ya mchele wa kunata haikuvaa chochote, haikusema chochote, ikampita mganga aliyewashinda wafu wote wa wilaya. Mbishi aje na namba moja yake, sharti liwe moja tu: tapeli wake awe mdogo kuliko punje.